Msalaba wa Chokaa kwa Mtu Aliye Hai

Mama mmoja wa Zamora ameliandikia gazeti hili barua. Anasema mtu wa namna yangu afungiwe chumbani atazamishwe filamu zake mwenyewe mpaka atubu. Mhariri alinisomea kwenye simu huku anacheka. Mama, una haki. Ila usiyamalize matusi yote leo, kwa sababu niliyoyakiri Jumapili iliyopita yalikuwa madogo.

Aliyeyakosa asihangaike, namwekea sawa hapa hapa.

Mimi ni Celedonio Arriaga, don Cele kwa walio wengi. Naandika filamu na kuzitayarisha mwenyewe, bila kampuni wala tajiri wa kunishika mkono. Kampuni yangu ni watu wanaonipenda, na karibu wote nimeshawachosha. Filamu yangu ya kwanza ilitazamwa na watu kumi na wanne. Ya pili, mama yangu mzazi aliisinzilia.

Ya tatu nilikwenda kuipigia kijijini San Gaspar, nyumbani kwa Otilia. Mimi ndiye baba wa ubatizo wa binti yake, Yuridia. Tangu siku ile mume wake Baltazar namwita kompadre na Otilia namwita komadre, na kwetu kompadre anashinda ndugu wa tumbo moja, maana ndugu yako hukumchagua.

Baltazar alikuwa amekwenda kaskazini, ng'ambo ya mpaka, kuchuma matufaa. Alipiga simu miaka mitatu, kisha kimya, na kimya kikafika miaka mitano. Kila Novemba watu wa San Gaspar walipopanga picha za marehemu wao kwenye altare za nyumbani, Otilia alikataa katakata kuweka ya mumewe. Alisema picha ya mtu aliye hai ukiiweka pale umemwitia kifo.

Nikamwomba aigize mjane kwenye filamu yangu. Hakuwahi kuigiza maishani, lakini alikuwa na ile sura ya kungoja ambayo hakuna mwigizaji wa mjini anayeweza kuigiza. Akakubali.

Siku ya kumi na moja ya kazi, simu yangu ikalia. Alikuwa Baltazar, yuko hai, na analia. Aliishi na mwanamke mwingine huko, yamekwisha, anataka kurudi nyumbani. "Mwambie Otilia polepole, kompadre," akasema. "Mimi sina uso."

Bado siku mbili tupige picha ya mjane mbele ya altare. Komadre akisikia mumewe yu hai, ile sura itaondoka na filamu itaondoka nayo. Nikanyamaza. Na Baltazar alipopiga tena kuuliza, nikamwambia nimeshamweleza mkewe, amelia sana, anahitaji muda.

Hapo ndipo nilipowaachia. Sasa kaeni vizuri.

*

Otilia aliigiza mbele ya fremu tupu. Aliniapisha kwanza. "Hutaweka ya Baltazar, kompadre?" Nikamwapia kwa jina la binti yangu wa ubatizo.

Akacheza vile alivyocheza, mpaka mpiga kamera wangu, Wences, akafuta macho kwa kofia. Komadre akaenda zake jikoni kuwapikia wafanyakazi. Tukabaki sisi wawili na ile fremu, maana ilitubidi tupige altare yenyewe kwa karibu, na fremu isiyo na mtu haimlizi yeyote.

"Tunahitaji sura," Wences akasema. "Sura yoyote ya mwanamume."

Kwenye pochi yangu kulikuwa na picha ya ubatizo. Baltazar amembeba mtoto, anacheka na jua machoni. Nilimkunja mtoto nyuma, nikamtia Baltazar ndani ya fremu, mshumaa huku na mshumaa huku.

Mtazamaji hajui kwamba vipande viwili vilipigwa kwa nyakati mbili. Ukiviunganisha, Otilia anamtazama mumewe na machozi yanamtoka. Kazi yetu ndiyo hiyo, na ninaifanya vizuri.

Filamu ikazunguka mwaka mzima. Ikapata tuzo kwenye tamasha moja, na jaji akaisifu hasa ile picha ya altare, akaiita moyo wa filamu. Mimi nikainamisha kichwa kwa unyenyekevu, kama mtu aliyeitolea jasho.

Lakini nilikuwa nimewaahidi watu wa San Gaspar kwamba nitaileta kwao, siku ya mtakatifu wao, tarehe sita Januari. Ahadi hiyo niliitimiza. Katika ahadi zote nilizotoa kijijini pale ndiyo pekee niliyopaswa kuivunja.

Tulifunga pazia mbele ya kanisa: shuka mbili zilizoshonwa pamoja. Alizishona Otilia mwenyewe.

"Don Cele," Wences akaniambia tukiwa tunawasha jenereta, "ile picha ya altare tuikate kwa leo. Dakika mbili naimaliza."

"Jaji kasema ndiyo moyo wa filamu. Nani anakata moyo?"

"Huyo mama kakaa mstari wa mbele. Kavaa shali mpya."

"Ni sekunde nne, Wences. Atakuwa anajitazama mwenyewe. Waigizaji wote hujitazama wenyewe."

Wences alinitazama kama mtu anayetazama sahani chafu. "Mimi ni wa kamera tu," akasema. "Dhambi ni zako."

Saa moja jioni tukaanza. Watu walicheka walipojiona, wakamzomea mwenye duka aliyeigiza polisi, mbwa wa padre alipopita kwenye pazia wakampigia makofi. Nilifurahi, siwezi kusema uongo hapa. Miaka kumi na tisa nimeitafuta sauti ile ya watu wakitazama kitu changu.

Kisha altare ikaja.

Baltazar akatokea kwenye shuka, mkubwa kuliko mlango wa kanisa, anacheka kati ya mishumaa miwili.

Nilisikia jenereta tu. Otilia akasimama, na kivuli chake kikaangukia kidevuni mwa mumewe.

"Zima," nikamnong'oneza Wences.

"Usizime," Otilia akasema bila kugeuka. Sekunde nne zilikuwa zimekwisha, tayari filamu iko kwenye kipande kingine. "Rudisha pale, mwanangu. Niache nimwone."

Wences akarudisha, akasimamisha. Komadre akamtazama mumewe kwa muda mrefu kuliko filamu yoyote inavyoruhusu. Kisha akaja nilipokuwa nimesimama, watu wanampisha.

"Umejua tangu lini, kompadre?"

"Komadre, mimi..."

"Usijisumbue. Ungeweza kusema ungeshasema." Akanishika mikono yote miwili. Yake ilikuwa ya baridi. "Uliniapia kwa mtoto. Mtu kama wewe havunji kiapo cha mtoto akaweka picha ya mtu aliye hai mezani kwa wafu. Ulijua amekufa, ukakosa mdomo wa kuniambia. Ndiyo maana ukanitengenezea hii."

Nilielewa alichokuwa anafanya. Alikuwa ananisamehe kwa kosa ambalo sikulitenda, ili asinione nimetenda lile nililolitenda.

"Asante," akasema. "Mwingine angekuja mlangoni na kofia mkononi. Wewe umemjengea altare kubwa kuliko zote za San Gaspar."

Nafasi ilikuwa ile. Maneno yenyewe hayakuzidi matatu: komadre, yuko hai. Nyuma yake watu mia mbili walikuwa wamevua kofia, wananitazama kwa heshima ambayo sijawahi kutazamwa nayo tangu nizaliwe.

"Pole, komadre," nikasema.

*

Maiti hatukuwa nayo, kwa hiyo walitandika nguo. Kwenye chumba cha mbele wakaweka juu ya meza suruali yake ya Jumapili, shati lililopigwa pasi, kofia mahali pa kichwa. Yuridia alizipiga rangi buti za baba yake na kuziweka upande wa miguu. Chini yake, sakafuni, wakachora msalaba wa chokaa.

Msalaba ule hukaa siku tisa, na kila jioni watu wanasali rozari mbele yake. Siku ya tisa huinuliwa, chokaa ikazolewa kipande baada ya kipande, ikapelekwa makaburini. Anayeinua ni mtu aliyechaguliwa na mfiwa, na kuanzia hapo marehemu hana tena mlango nyumbani kwake. Otilia alinichagua mimi. Si jambo mtu analolikataa.

Jioni ya kwanza Yuridia akanifuata uani. Ana miaka kumi na tatu. Baba yake aliondoka akiwa na minne.

"Baba Cele, alikufaje?"

Ningeweza kusema sijui. Watu wengi wa kaskazini hufa bila mtu kujua wamefaje. Lakini alinitazama kwa macho ya baba yake, na mimi mtu akinitazama vile, naandika.

"Alikuwa anarudi kutoka shambani," nikasema. "Theluji ilianguka mapema mwaka ule. Akakaa chini ya mtufaa apumzike kidogo, usingizi ukamchukua. Hakuumia hata kidogo."

"Alikuwa peke yake?"

"Alikuwa na barua mkononi. Aliyowaandikia ninyi."

"Iko wapi?"

"Walimzika nayo."

Akaitikia kwa kichwa, polepole, kama mtu aliyepewa kitu cha kubeba. Akaenda ndani. Nilibaki pale uani, na kichwani sauti inaniambia ile barua mkononi ilikuwa imekaa vizuri sana.

Siku ya tatu padre aliihubiri theluji kanisani. Siku ya nne barua ilikuwa na maneno ndani yake. Siku ya sita nilimsikia mwanamke mmoja foleni ya mkate akimsimulia mwenzake maneno hayo, na yalikuwa mazuri kuliko yote niliyowahi kuandika.

Kila jioni nilipiga magoti na wengine. Nilimwombea Baltazar pumziko la milele, nikanywa kahawa yake yenye mdalasini, nikala tamale zake za unga wa mahindi. Nilikula vizuri. Mwili hauna aibu.

Mama yake Baltazar, doña Cuca, anakaribia miaka themanini. Yeye alikuwa akikaa kiti cha karibu na buti. Siku ya tano aliniita nikae naye.

"Unajua nilikuwa nalala na viatu, Cele?"

"Kwa nini, mama?"

"Akigonga nisichelewe kumfungulia. Miaka sita. Miguu imevimba, mkwe wangu ananigombeza, sisikii." Akainua gauni kidogo nione. Miguu ilikuwa mitupu. "Jana nimevua. Nimelala mpaka jogoo. Mungu akuweke, mwanangu."

Hakuna kitu kibaya kama kubarikiwa na mtu uliyemwibia. Nikatoka pale sijui nakanyaga wapi. Nikaenda moja kwa moja hadi kwenye gari la vifaa, Wences amelala humo na miguu yake nje, nikamwambia yote. Simu ya kwanza, simu ya pili, amelia sana anahitaji muda, kila kitu.

Kwanza alicheka. Alidhani namsimulia filamu mpya.

"Ya nne hii?" akauliza. "Nzuri. Ila nani atamwamini mtu mjinga hivyo?"

Kisha akaniona uso.

"Don Cele. Yule mwenye buti anapumua?"

"Anapumua."

"Na wewe unamsalia rozari."

"Siku ya tano leo."

Akakaa, akavaa viatu, taratibu, kimoja halafu kingine. "Nilipiga picha ile mimi," akasema. "Kwa mkono wangu. Nikaiwekea taa vizuri." Akatema mate dirishani. "Nenda ukamwambie sasa hivi."

"Nitamwambiaje? Mama mkwe kavua viatu. Mtoto ana barua. Padre..."

"Usinihesabie watu. Unaogopa watakutazamaje."

Ndivyo ilivyokuwa. Miaka kumi na tisa nimetafuta watazamaji, sasa ninao mia mbili, wananivulia kofia nikipita. Kusema ukweli kulikuwa ni kuwarudisha wote nyumbani.

"Basi mpigie mwenyewe huyo mfu," Wences akasema. "Mwambie asije. Akae huko huko afe vizuri."

Aibu yangu kubwa ni kwamba nilipiga. Mwenzangu alisema kwa hasira, mimi nikalichukua kama ushauri. Namba ya Baltazar haikupatikana. Nikapiga kesho yake, na keshokutwa yake, haikupatikana, na moyoni nikaanza kufikiri, Mungu anisamehe, kwamba labda amekufa kweli. Nililala vizuri usiku ule.

Wences aliondoka siku ya saba na kamera yake. Aliniachia karatasi kwenye usukani: "Una siku mbili." Hakusaini.

*

Siku ya tisa nyumba ilijaa mpaka barabarani. Kulikuwa na bendi ya watu watatu, maua meupe, watoto wamechanwa nywele kwa maji. Tangu asubuhi simu yangu ililia mara mbili, namba ngeni. Nikadhani ni watu wa mjini wanaotaka kuonyesha filamu. Sikupokea. Siku ya kuinua msalaba mtu hafanyi biashara, nikajiambia, nikajiona mtu mwema.

Nilikuwa nimepiga moyo konde. Nilipanga nimwambie Otilia kabla ya rozari, jikoni, sisi wawili. Nikaingia jikoni. Alikuwa anakoroga uji wa mahindi kwenye sufuria kubwa, jasho linamtoka, amevaa nguo nyeusi.

"Komadre, nina neno."

"Na mimi ninalo," akasema. "Anza kusikia langu. Miaka sita nimekuwa mwanamke wa kukodolewa macho. Nikienda sokoni: huyo, kaachwa. Nikivaa vizuri: kapata mtu. Nikivaa vibaya: ndiyo maana kaachwa." Akaufunika uji. "Sasa ni mjane. Unajua mjane anavyosalimiwa? Mpaka yule wa machinjioni ananichagulia nyama laini. Nilikuwa naogopa neno hilo kuliko kifo, na kumbe lilikuwa kiti tu. Nimekaa. Sema lako."

"Nilitaka kukuuliza," nikasema, "chokaa tunaanzia kichwani?"

"Kichwani. Halafu mkono wa kulia, wa kushoto, miguu, moyo mwishoni."

Hivyo ndivyo nilivyoitumia nafasi yangu ya mwisho, wasomaji. Niliuliza jambo ninalolijua tangu utoto.

Saa kumi na moja jioni rozari ikaisha. Nikapiga magoti. Mama anayeongoza sala akanipa kijiko cha mbao na kisanduku kidogo kilichotandikwa kitambaa. Yuridia alishika mshumaa upande wangu. Doña Cuca alikuwa kitini mwake, miguu mitupu juu ya mto. Otilia amesimama nyuma ya kofia.

Wakaimba ubeti wa kwanza. Nikazoa kichwa cha msalaba, nikakitia kisandukuni. Nilizoa polepole, na watu walidhani ni huzuni, kwa sababu nilisikia mtu nyuma akisema, "Alimpenda sana kompadre wake."

Wakaimba wa pili. Nikazoa mkono wa kulia.

Simu ikalia mfukoni mwa shati.

Nikajifanya hamnazo. Mikono yote ilikuwa nyeupe kwa chokaa. Simu ikanyamaza, watu wakashusha pumzi, ikaanza tena.

"Atakuwa mtu wa kazi yake," mama wa sala akasema kwa upole. "Mzimieni."

Otilia akainama, akaichomoa mfukoni kwangu. Alitaka kuizima, nina hakika. Lakini zile simu zangu hazijawahi kuwa nzuri, na hakujua kitufe kipi. Akabonyeza kile cha kijani.

Simu ile huvujisha sauti. Mimi nilikuwa chini ya mkono wake, nilisikia kila neno. Sidhani kama kuna mwingine aliyesikia zaidi ya mlio.

"Kompadre, mbona hupokei? Siku nne niko njiani, simu ilikufa mpakani. Niko Uruapan hapa, kituoni. Naingia basi la saa kumi na mbili."

Otilia akaibana simu sikioni.

"Mwaka mzima nimengoja moyo wake ulainike, kama ulivyonishauri. Nimeshindwa. Acha anifukuze mwenyewe, nimsikie kwa masikio yangu. Mama bado yuko? Nimemletea mtoto koti, sijui hata kimo chake siku hizi." Kukawa na kelele za basi, kisha tena: "Kompadre? Niambie kweli. Siku ile ulipomwambia niko hai, alisema nini?"

Nilitazama juu. Sikuwahi kumwona Otilia akifikiri, nilikuwa nimemwona akingoja tu. Macho yake yalitoka kwenye kofia yakaenda kwenye buti, kwa Yuridia na mshumaa wake, kwenye miguu ya doña Cuca. Yakaja kwangu mwisho, na yalikaa kwangu muda ule ule aliomtazama mumewe kwenye shuka.

Alielewa yote.

"Umekosea namba, bwana," akasema kwenye simu. Sauti yake ilikuwa ya kawaida kabisa. "Hapa ni msibani."

Akaizima. Safari hii alikipata kitufe. Akainama, akairudisha mfukoni mwangu, akafunga na kifungo cha shati, kama mama anavyomvalisha mtoto wa shule.

"Nani, mama?" Yuridia akauliza.

"Mtu aliyepotea," Otilia akasema. Kisha akawaambia wale wa bendi, "Imbeni. Bado mkono wa kushoto."

Wakaanza ubeti wa tatu. Yeye alikuwa bado ameinama karibu na sikio langu, mkono begani mwangu, na kila aliyekuwa mle ndani aliona mfiwa anamliwaza kompadre wake.

"Utamaliza kuinua," akaninong'oneza. "Tutakwenda makaburini, utambebea kisanduku. Halafu wewe peke yako utakwenda kumpokea kwenye basi. Umweleze alivyokufa. Theluji, mtufaa, barua, usisahau kitu. Wewe ndiye uliyeandika."

Basi la Uruapan huingia San Gaspar saa moja na nusu. Yuridia akanisogezea mshumaa nione vizuri. Nikachukua kijiko, nikazoa mkono wa kushoto.